Nchi Isiyo na Ardhi: Mandhari ya Angani katika Kusadikika

Shaaban Robert alipochapisha Kusadikika mwaka 1951, alikiongezea kitabu hicho anwani ndogo inayoeleza kwamba nchi hiyo iko angani. Tangu hapo wahakiki wengi wameifasiri anga hiyo kama pazia: mwandishi, aliyekuwa karani wa serikali ya kikoloni nchini Tanganyika, aliisitiri tashtiti yake mawinguni ili asiandamwe na watawala. Fasiri hii ina mashiko, lakini haitoshelezi. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba mandhari ya angani yamebeba sehemu kubwa ya hoja ya kitabu chenyewe.

Tuanze na jina. Kitenzi sadiki kimepewa kiambishi cha kutendeka, na kwa hivyo Kusadikika ni nchi inayoweza kuaminika. Papo hapo imewekwa mahali ambapo hakuna mguu uwezao kukanyaga. Ukinzani wa namna hii una historia ndefu katika fasihi ya ulimwengu. Thomas More, mwaka 1516, aliunda jina Utopia kutokana na maneno ya Kiyunani yenye maana ya mahali pasipokuwapo. Mwaka 1726 Jonathan Swift alibuni Laputa, kisiwa kinachoelea angani, ambacho mfalme wake huweza kuwanyima raia walio chini jua na mvua. Hata hivyo, pana tofauti kubwa. Laputa huwakandamiza watu wa ardhini, ilhali katika Kusadikika mdhalimu na mdhulumiwa wote wamo humo humo angani.

Kutokana na hali hiyo, mandhari yanatekeleza dhima mahususi. Msomaji hawezi kukitafuta chanzo cha dhiki ya Wasadikika katika udongo wala katika uvamizi wa wageni. Hana budi kuitazama sheria na wale wanaoisimamia. Wajumbe sita walitumwa pande nne za dunia, mbinguni na ardhini, wakatafute mambo ya kuifaa nchi yao. Waliporejea na mapendekezo, walitiwa kifungoni. Kinachoitenga Kusadikika na ulimwengu, basi, ni gereza zaidi kuliko mawingu. Visa hivi tunavipata kinywani mwa Karama, anayeshtakiwa na waziri Majivuno mbele ya Mfalme Jeta kwa kutaka kuanzisha elimu ya sheria, naye anajitetea kwa muda wa siku sita.

Hapa ndipo uhakiki unapohitaji msaada wa historia. Katika Tanganyika, Sheria ya Mahakama za Wenyeji ya mwaka 1929 iliziondoa mahakama hizo katika usimamizi wa Mahakama Kuu na kuziweka chini ya maofisa wa utawala. Mawakili hawakuruhusiwa kuwatetea washtakiwa humo. Mtuhumiwa alisimama peke yake mbele ya mfumo ambao mamlaka ya kutawala na ya kuhukumu yalikuwa yameshikana. Hatudai kwamba Shaaban Robert aliifafanua sheria hiyo kifungu kwa kifungu. Tunachodai ni kwamba msomaji aliyewahi kufikishwa katika mahakama kama hizo angelitambua kosa la Karama mara moja. Kama anga ilikuwa pazia, basi lilikuwa jepesi mno kumficha mtu.

Aidha, mandhari hayo yanatusaidia kuupima mwisho wa hadithi. Karama anashinda, na wafungwa wanaachiliwa. Lakini ushindi huo unapatikana kwa sababu mfalme amekubali kusikiliza. Jeta angeweza pia kukataa, na hapangekuwa na mahali pa kukata rufani. Haki inayotegemea sikio la mtawala mmoja bado ingali inaelea.

Wahadhiri tunapowaambia wanafunzi kwamba angani maana yake ni Tanganyika ya mkoloni, tunakifunga kitabu hiki mwaka 1961, Tanganyika ilipopata uhuru. Swali lake ni pana kuliko hilo: mtu anayeshtakiwa kwa kuipenda sheria atajitetea kwa sheria ipi? Swali hilo linaulizika katika nchi yoyote, yenye ardhi au isiyo na ardhi, na ndilo linalostahili kupewa nafasi ya kwanza katika ufundishaji wa Kusadikika.