Nguo Isiyofumwa: Sanaa na Ufundi katika Kazi za El Anatsui

Neno "sanaa" limetufikia kutoka lugha ya Kiarabu, na asili yake ni kutengeneza kitu kwa ustadi. Kwa maana hiyo, mchonga milango, mfinyanzi na msuka mikeka wote ni watu wa sanaa. Huko Ulaya, hata hivyo, vyuo vilivyoanzishwa tangu karne ya 16 viliinua uchoraji na uchongaji juu ya kazi nyingine. Ufumaji na ufinyanzi vikashushwa vikaitwa ufundi tu. Mgawanyo huo uliingia Afrika pamoja na elimu ya kikoloni, ukawadhuru hasa watu ambao hazina yao kubwa ya uzuri ilikuwa katika nguo, vyungu na vigoda.

Maisha ya El Anatsui yanatuonyesha jinsi ukuta huo ulivyoweza kubomolewa. Alizaliwa mwaka 1944 huko Anyako, katika nchi ya Waewe, ambayo leo ni sehemu ya Ghana. Baba yake alikuwa mfumaji wa kente. Nguo hiyo hufumwa kwa vipande vyembamba virefu, kisha vipande hushonwa ubavu kwa ubavu mpaka vikawa nguo moja pana.

Mwaka 1964 Anatsui aliingia chuo cha sanaa cha Kumasi. Ghana ilikwisha kujitawala tangu 1957, lakini mafunzo ya chuo yalikuwa bado yakifuata njia ya Uingereza. Basi kijana huyo alikwenda mwenyewe kwenye kituo cha utamaduni cha mji huo, akajifunza kwa kuwatazama mafundi waliokuwa wakichonga, wakifuma na kupiga chapa nguo kwa alama za adinkra. Baadaye alichukua sinia za mbao wanazotumia wachuuzi sokoni, akazitia alama kwa chuma cha moto. Hiyo ilikuwa hatua ya kwanza ya kurejea nyumbani.

Mwaka 1975 alikwenda kufundisha katika Chuo Kikuu cha Nigeria, Nsukka, miaka mitano baada ya vita vya Biafra kumalizika. Pale walikuwapo wasanii, kama Uche Okeke, waliokuwa wakifufua michoro ya Waigbo iitwayo uli. Anatsui akaunda vyungu vilivyovunjika. Tangu mwaka 1980 alichonga mbao kwa msumeno wa injini na kuzipanga ukutani, hata mtazamaji asijue kama ni sanamu au ni picha.

Mwaka 1998, karibu na Nsukka, aliokota mfuko uliojaa vifuniko vya chupa za pombe kali. Akavibapa, akavikunja, akavitoboa na kuviunga kwa waya wa shaba. Kazi hiyo ilikua, ikawa ya vijana wengi walioketi pamoja, kila mmoja akiunga kipande chake. Vipande hivyo huunganishwa mpaka vikawa pazia linaloweza kufunika ukuta mzima, kama vile kente inavyozaliwa kutokana na vipande vyembamba. Rangi zake ni za mchoraji, mikunjo yake ni ya mchongaji, sura yake ni ya nguo, lakini mwili wake ni chuma. Wala haina umbo moja. Wanaoitundika wana ruhusa ya kuikunja upya kila inapohamishwa.

Vifuniko hivyo vina historia yao. Pombe ni miongoni mwa bidhaa ambazo wafanyabiashara wa Ulaya walileta Afrika Magharibi kubadilishana na dhahabu, na hatimaye na watu. Sukari iliyolimwa na watumwa ng'ambo ya bahari ilitengenezwa ramu, na ramu ikarudi kununua watumwa wengine. Kwa hiyo nguo hii inayong'aa imebeba pia kumbukumbu chungu.

Mwaka 2007 kazi ya Anatsui ilifunika uso wa jumba la Palazzo Fortuny mjini Venice. Mwaka 2015 maonyesho makubwa ya mji huohuo yalimtunuku Simba wa Dhahabu kwa kazi ya maisha yake yote. Mwaka 2023 mapazia yake yalitundikwa katika ukumbi mkubwa wa Tate Modern, London.

Heshima hiyo ni haki yake, nasi tunaifurahia. Lakini yatupasa kujiuliza: wafumaji wa kizazi cha baba yake walipanga rangi na mistari kwa akili ileile, mbona wao waliitwa mafundi na mwana akaitwa msanii? Je, ni lazima nguo igeuzwe chuma na kuvuka bahari ndipo tuione? Anatsui hakujitenga na kitanda cha mfumaji, alikipanua. Mwalimu atakayewaongoza wanafunzi wake kwa msuka mikeka wa kijijini, wakamwuliza kwa nini rangi hii imekaa kando ya ile, atakuwa amelirudishia neno sanaa maana yake kamili.