Jua na Mkataba

Huenda wewe msomaji wadhani kwamba vyama vya mataifa huanzishwa na wakubwa, na wadogo hualikwa baadaye. Basi yafaa ukijue kisa cha Muungano wa Kimataifa wa Nishati ya Jua.

Tarehe 30 Novemba 2015, viongozi wa dunia walipokutana Paris kujadili tabianchi, Narendra Modi, Waziri Mkuu wa India, na François Hollande, Rais wa Ufaransa, walitangaza muungano huo. Walioitwa kwanza ni nchi zilizo baina ya Tropiki ya Kansa na Tropiki ya Kaprikoni, nyingi zikiwa na jua tele na fedha haba.

Lakini tangazo si chama. Mali bila daftari huisha bila habari. Mkataba uliandikwa, ukaanza kutiwa sahihi Marrakech mwaka 2016, ukapata nguvu ya sheria tarehe 6 Desemba 2017, baada ya nchi 15 kuuridhia. Ya kumi na tano ilikuwa Guinea. Makao makuu yaliwekwa Gurugram, karibu na Delhi, wala si Geneva. Mwaka 2021 Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa liliupa muungano huo nafasi ya mtazamaji.

Usidhani kazi imekwisha. Jua ni la wote, lakini paneli nyingi hutengenezwa China, na fedha za kuzinunua hukopwa kwa riba. Ndiyo sababu mkataba ulikusudia kuunganisha mahitaji ya wanachama ili gharama zishuke. Anayekwenda sokoni peke yake hutajiwa bei. Wanaokwenda pamoja huijadili.