An Se-young na Urithi wa Mpira wa Vinyoya Korea

Mpira wa vinyoya, au badminton, ulipata umbo lake la kisasa katika karne ya 19, pale maofisa wa Kiingereza waliokuwa India walipourudisha kwao mchezo walioucheza Poona. Mwaka 1899 mashindano ya All England yalianzishwa; mwaka 1934 likaundwa shirikisho la kimataifa; na mwaka 1957 timu za taifa za wanawake zikaanza kuwania kombe lao, Uber Cup. Korea haikuwa na nafasi katika hatua hizo za mwanzo. Hadi 1945 ilitawaliwa na Japani, na kati ya 1950 na 1953 vita viliteketeza nchi ambayo tayari ilikuwa imegawanywa vipande viwili. Chama cha badminton cha Korea Kusini kilizaliwa mwaka 1957, miaka minne tu baada ya mizinga kunyamaza. Hadithi ya An Se-young, bingwa wa leo, inaanzia katika umaskini wa baada ya vita hivyo.

Miaka ya 1960 na 1970 ilikuwa ya kujenga msingi. Serikali ya kijeshi ya Park Chung-hee iliona michezo kuwa chombo cha kulitangaza taifa, na mwaka 1966 kambi ya kudumu ya wanamichezo ilifunguliwa Taereung, Seoul. Kijana mwenye kipaji alitambuliwa akiwa shuleni, akapelekwa kambini, akaishi kwa ratiba ya alfajiri hadi usiku chini ya kocha ambaye neno lake halikupingwa. Katika badminton ya wanawake, hata hivyo, Asia bado ilikuwa ya wengine: Japani ilitwaa Uber Cup mara tano kati ya 1966 na 1981, na Indonesia ikaupata ushindi wake mwaka 1975.

Mwaka 1981 mlango ulifunguka. Hwang Sun-ai alitua London na kumshinda Lene Køppen wa Denmark, bingwa mtetezi wa All England, kwa 11-1 na 11-2 katika fainali. Kabla yake hakuna Mkorea aliyekuwa amelitwaa taji hilo. Mambo mengine mawili ya mwaka huo yaliamua mkondo wa baadaye. Seoul ilipewa uenyeji wa Olimpiki ya 1988, na hivyo fedha za umma na za makampuni zikamiminika michezoni. China nayo ikaingia katika shirikisho la kimataifa, na tangu hapo kila bingwa wa Korea amelazimika kupimwa kwa kipimo cha Wachina.

Muongo uliofuata ulikuwa wa jozi. Ni kweli kwamba Kim Yun-ja alishinda All England ya mchezaji mmoja mmoja mwaka 1986, lakini fahari ya Korea ilikuwa katika mchezo wa wawili wawili. Chung Myung-hee na Hwang Hye-young walitwaa taji la London mwaka 1986 na 1987. Chung So-young na Kim Yun-ja wakalirithi 1988. Na katika jozi mchanganyiko, Park Joo-bong na Chung Myung-hee wakawa mabingwa wa dunia 1989 na 1991. Mchezo wa jozi uliafiki malezi ya kambini: wachezaji waliokula, kulala na kufanya mazoezi pamoja kwa miaka walijuana hatua kwa hatua. Badminton ilipoingia rasmi katika Olimpiki ya Barcelona mwaka 1992, Hwang Hye-young na Chung So-young waliondoka na dhahabu.

Katika Barcelona hiyo hiyo, Bang Soo-hyun alishindwa na Susi Susanti wa Indonesia katika fainali ya mchezaji mmoja mmoja. Kushindwa huko kulimfunza subira. Mwaka 1994 alitwaa dhahabu ya Michezo ya Asia huko Hiroshima, mwaka 1996 akashinda All England, na majira ya joto ya mwaka huo, huko Atlanta, akamshinda Mia Audina wa Indonesia kwa 11-6 na 11-7. Alikuwa Mkorea wa kwanza kushinda dhahabu ya badminton ya Olimpiki akiwa peke yake uwanjani, kisha akastaafu. Nafasi aliyoiacha haikuzibwa kwa miaka 27.

Pengo hilo halikumaanisha kwamba Korea ililala. Ra Kyung-min na Kim Dong-moon walikuwa mabingwa wa dunia wa jozi mchanganyiko 1999 na 2003. Lee Hyo-jung na Lee Yong-dae walitwaa dhahabu ya Beijing 2008. Na mwaka 2010 timu ya wanawake ilinyakua Uber Cup kwa mara ya kwanza, ikikatiza mfululizo wa mataji sita ya China. Miaka hiyo pia ilifichua upande wa giza. Tarehe 1 Agosti 2012, katika Olimpiki ya London, jozi nne za wanawake ziliondolewa mashindanoni kwa kushindwa makusudi ili kuchagua wapinzani wepesi, na mbili kati ya hizo zilikuwa za Korea. Hesabu za medali zilikuwa zimeushinda mchezo wenyewe.

Wakati huohuo sheria zilibadilika. Zamani ni aliyeanzisha mpira tu aliyeweza kupata pointi, na seti ya wanawake iliishia 11. Tangu 2006 kila mpira unaochezwa huleta pointi kwa mmoja wa wachezaji, na seti huishia 21. Mfumo huu haumsamehi anayekosea ovyo. Humlipa anayeweza kurudisha kila kinyoya, akasubiri, akamchosha mpinzani. Ulikuwa ukimngoja mchezaji wa aina fulani.

Mchezaji huyo alizaliwa tarehe 5 Februari 2002 katika mkoa wa Jeolla Kusini, mtoto wa bondia wa zamani. Desemba 2017, akiwa na umri wa miaka 15 na bado mwanafunzi wa sekondari ya awali, An Se-young aliwashinda watu wazima katika mchujo wa timu ya taifa. Njia yake haikuwa rahisi. Chen Yufei wa China alimtoa katika mechi ya kwanza ya Michezo ya Asia ya 2018, akamtoa tena robo fainali ya Olimpiki ya Tokyo mwaka 2021, na akamshinda tena katika fainali ya Uber Cup ya 2022, ingawa Korea ilitwaa kombe hilo kwa mechi 3 kwa 2. Kila mara An alirudi kambini, na ulinzi wake ukazidi kuwa mgumu.

Mavuno yalikuja 2023. Machi alimshinda Chen huyo huyo na kutwaa All England. Agosti akapanda nafasi ya kwanza duniani, kisha huko Copenhagen akamshinda Carolina Marín wa Hispania 21-12 na 21-10, akawa Mkorea wa kwanza kuwa bingwa wa dunia wa mchezaji mmoja mmoja. Oktoba, huko Hangzhou, aliumia goti katika fainali ya Michezo ya Asia dhidi ya Chen, akaendelea kucheza, akashinda seti ya tatu 21-8. Tarehe 5 Agosti 2024, mjini Paris, He Bingjiao wa China alianguka 21-13 na 21-16, na dhahabu ya Bang ikapata mrithi.

Saa chache baadaye bingwa alisema jambo ambalo waliomtangulia hawakulisema hadharani: jeraha lake lilikuwa zito kuliko ilivyochukuliwa, na timu ya taifa ilikuwa imemvunja moyo. Alilalamika pia kwamba mazoezi yalipangwa kwa kuwafikiria wachezaji wa jozi, wakati mahitaji ya anayecheza peke yake ni tofauti. Wizara ya michezo ilifanya uchunguzi, ikapinga kanuni zilizomtaka mchezaji kutii amri za kocha na zilizowazuia wachezaji walio nje ya timu ya taifa kwenda mashindano ya kimataifa kabla ya umri fulani. Januari 2025 Kim Dong-moon alichaguliwa kuongoza chama, na baadaye Park Joo-bong akarudi kuinoa timu. Wazee wa enzi ya jozi ndio waliokabidhiwa kazi ya kuirekebisha nyumba waliyokulia.

An hakutetereka. Katika mwaka 2025 alitwaa mataji 11, akiifikia rekodi ya Kento Momota wa Japani ya 2019. Mafanikio hayo ni matunda ya karibu miaka 60 ya kambi, mchujo na alfajiri za mazoezi; hata Sung Ji-hyun, aliyekuwa miongoni mwa makocha wake Paris, ni binti wa Kim Yun-ja, bingwa wa 1986. Mfumo ule uliwalea mabingwa kwa kuwafunza uvumilivu na ukimya kwa pamoja. An amethibitisha kwamba vitu hivyo viwili vinaweza kutenganishwa: uvumilivu ameuchukua wote, ukimya ameukataa, na ubingwa haukupungua. Chama kinachowalea wasichana walio shuleni leo hakiwezi tena kudai kwamba dhahabu hupatikana kwa njia moja tu.