Jini, Jinniya na Nyabingi: Neno Lilivyompoteza Mwanamke

Ukimwuliza mtu wa Bugomora jini ni kitu gani, atakujibu haraka kwamba hayo ni mambo ya pwani. "Majini ni ya Waswahili bwana, sisi huku tuna ndizi na kahawa." Lakini subiri giza liingie, watu wakae, vikombe vizunguke. Utasikia habari za dereva aliyempa lifti mwanamke mzuri kwenye barabara ya kwenda Murongo: ananukia, ana nywele mpaka mgongoni, sauti laini. Dereva anainama kuokota kitu, macho yanaangukia miguu ya abiria wake. Kwato! Hadithi hii inasimuliwa Mombasa, inasimuliwa Tanga na Dar es Salaam, na sisi wa mpakani, umbali wa siku nzima na zaidi kutoka baharini, tunaisimulia kana kwamba imetokea juzi kwa jirani.

Ndugu msomaji, kuna jambo moja linanisumbua. Neno "jini" lenyewe halisemi mume wala mke. Mbona basi huyu wa barabarani ni mwanamke siku zote? Na kama jini wa kike amekuja kutoka ng'ambo ya bahari, wale wa kike waliokuwepo Karagwe kabla yake walikwenda wapi? Maswali haya mawili ndiyo yaliyonifanya nishike kalamu.

Tuanze na neno. Kwa Kiarabu, mzizi wa herufi jim, nun na nun una maana ya kufunika, kuficha, kusitiri. Mtoto aliyemo tumboni ni *janin*, kwa sababu amefichwa. Mtu aliyefunikwa akili ni *majnun*, ambaye sisi tunamwita majinuni. Bustani iliyofunikwa na miti ni *janna*, na hilo ndilo jina la makao ya wema akhera. Jini ni kile kilichofichika machoni. Ajabu ni kwamba Kiswahili, bila kumuiga mtu, kilipita njia inayofanana na hiyo: upepo hauonekani, pepo haonekani, na wema wanakwenda peponi. Lugha mbili zisizo ndugu zimeweka pamoja kiumbe asiyeonekana na mahali pazuri pasipoonekana.

Kiarabu lakini hutenganisha jinsia. *Jinn* ni jamii nzima. *Jinni* ni mmoja wa kiume. *Jinniya* ni mmoja wa kike. Mkia mdogo tu mwishoni mwa neno, na msikilizaji anajua anazungumziwa nani. Kiswahili ni lugha ya ngeli, hakina habari na mkia huo. Kilipolipokea neno, kilisema jini, majini, kikaendelea na safari. Jinniya akabaki pwani ya Arabuni.

Alikuwa nani huyo jinniya? Waarabu walimjua kwa sura nyingi. Al-Jahiz, mwandishi wa Basra aliyefariki mwaka 868 au 869, alitaja katika kitabu chake kikubwa juu ya wanyama habari za *si'lat*, jini jike wa jangwani. Mtu mmoja, Amr bin Yarbu', alimwoa mmoja wao, akazaa naye watoto. Alikuwa ameonywa asimwache mkewe auone umeme ukimulika upande wa nchi yake. Kila mawingu yakikusanyika, mume anamfunika. Siku moja alisahau, mke akaona umeme, akapanda ngamia akaenda zake. Kisa hicho, ukikiangalia vizuri, kinamhusu kila mwanamke aliyeolewa mbali na kwao.

Wapo wengine. Simulizi za Kiislamu zinasema mama yake Bilkisi, malkia wa Sheba, alikuwa jinniya. Katika *Alfu Lela Ulela* yumo Maimuna, binti wa mfalme wa majini, anayeshindana na jini mwenzake Dahnash juu ya nani mzuri zaidi, mwana wa mfalme au binti wa mfalme. Halafu kuna wa kuogofya: Umm al-Subyan, "mama wa watoto", anayesemekana kuwaua wachanga na kuharibu mimba, na kule Ghuba, Umarati na Omani, Umm al-Duwais, mrembo mwenye manukato makali, mkono wake mundu na miguu yake ya punda. Msomaji, hapo umeshamtambua abiria wetu wa barabara ya Murongo, au angalau dada yake.

Kwa hiyo Uarabuni jini wa kike alikuwa mke, mama wa malkia, mshindani mwenye ulimi mkali, na pia muuaji. Alikuwa na majina, na majina yalimpa tabia tofauti tofauti. Pwani yetu ilipokea baadhi yake. Umm al-Subyan akawa Subiani, ambaye mama wa Kiswahili anamjua vizuri mtoto anapodhoofika ghafla. Yupo pia jini mahaba, anayemng'ang'ania mtu kama mume au mke na kumvurugia ndoa. Unguja mambo yalikwenda mbali zaidi. Mtafiti Kjersti Larsen, katika kitabu alichotoa mwaka 2008, anaeleza jinsi Waunguja wanavyoyapanga mapepo kwa makabila: kuna ruhani, ambao ni Waarabu na Waislamu, kuna kibuki kutoka Bukini, kuna habeshia kutoka Uhabeshi. Nani asiyejua kwamba wanawake wa Kihabeshi waliletwa Unguja kuwa masuria wa majumba ya kifalme? Vitabu vya serikali viliwaandika wachache mno. Ngoma ya pepo iliwakumbuka. Mtu anayepandwa huitwa kiti, na juu ya kiti hicho huketi historia.

Sasa tupande juu, tuje kwetu. Katikati ya karne ya 19, ufalme wa Karagwe ulikuwa kituo kikubwa katika njia ya biashara kutoka Tabora kwenda Buganda. John Hanning Speke alipofika kwa Mfalme Rumanyika mwezi Novemba 1861, tayari wafanyabiashara wa Kiarabu na wa pwani walikuwa na makazi yao Kafuro, si mbali na ikulu ya Bweranyange. Henry Morton Stanley aliwakuta bado wapo hapo mwaka 1876. Walileta vitambaa, shanga na bunduki, wakachukua pembe za ndovu. Na neno halilipiwi ushuru: Kiswahili nacho kilishuka na mizigo, kikiwa na majini na mashetani yake. Mwaka 1892 mapadri wa White Fathers walifungua misheni Kashozi, karibu na Bukoba, na baadaye wakaja Walutheri. Sheikhe na padri hawakukubaliana kwa mengi, lakini kuhusu mizimu ya wenyeji waliridhika na neno moja lile lile la asili ya Kiarabu: shetani.

Kabla ya hapo tulikuwa na majina yetu. Tulikuwa na Wamara, na Mugasha wa ziwa na dhoruba, na Irungu wa pori na wawindaji. Hawa ni Bachwezi. Aliyepandwa nao aliitwa embandwa, na wengi wa waliopandwa walikuwa wanawake. Iris Berger, aliyeandika sana juu ya jambo hili katika miaka ya 1970 na 1980, anaonyesha kwamba mwanamke embandwa alipata heshima ambayo maisha ya kawaida hayakumpa: alisikilizwa, aliogopwa, alilipwa, alikaa na wakubwa.

Na juu ya wote, kwa swali langu hili, yupo Nyabingi.

Nyabingi ni roho ya mwanamke. Jina lenyewe linaeleweka kwa mtu yeyote wa lugha za huku: mwenye vingi, mama wa wingi. Masimulizi ya asili yake hayapatani. Wengine wanamtaja Kitami, malkia wa Mpororo, ambaye roho yake haikukubali kutulia baada ya kufa. Wengine wanasema alikuwa mwanamke mtawala wa huku huku Karagwe, aliyeuawa kwa hila na mwanaume aliyemwoa, kisha roho yake ikarudi kudai haki. Nguvu yake kubwa ilikuwa ng'ambo ya mto Kagera, Ndorwa na Mpororo, katika milima ya Kigezi na kaskazini ya Rwanda. Watu walimpelekea ng'ombe, pombe na majembe. Waliosema kwa niaba yake waliitwa bagirwa, wanawake kwa wanaume, na husimuliwa kwamba hata mwanaume, Nyabingi akisema ndani yake, alitoa sauti nyembamba ya kike. Hebu fikiri: katika nchi ya wafalme, wapiganaji na wachunga ng'ombe, mwanaume anaazima sauti ya mwanamke ili asikilizwe!

Wazungu walipokuja hawakukuta hadithi ya kuogofya watoto. Walikuta serikali nyingine. Muhumusa, aliyejitambulisha kuwa mjane wa Mfalme Rwabugiri wa Rwanda aliyekufa mwaka 1895, alisimama kwa jina la Nyabingi akidai kiti cha enzi kwa mwanawe. Wajerumani wakamkamata na kumweka Bukoba, ndiyo, Bukoba yetu hii, takriban miaka miwili. Alipoachiwa mwaka 1911 alivuka kwenda Ndorwa akaanza tena, akitangaza kuwafukuza Wazungu. Septemba mwaka huo huo Waingereza walimshambulia, akajeruhiwa, akakamatwa. Walimzuia Kampala, hawakumruhusu kurudi kwao, mpaka akafa huko katikati ya miaka ya 1940. Mwaka 1917 mwanamke mwingine wa Nyabingi, Kaigirirwa, aliongoza uasi wa Nyakishenyi.

Utamfungulia mashtaka gani mwanamke wa namna hii? Ukimwita malkia, umekubali ana ufalme. Ukimwita kuhani, umekubali ana dini. Mwaka 1912 Waingereza wa Uganda walitunga sheria ya uchawi, na sheria hiyo ikatumika dhidi ya watu wa Nyabingi. Jina likabadilika, kesi ikawa rahisi. Tanganyika nayo ilipata Sheria ya Uchawi mwaka 1928, na mpaka leo imo katika vitabu vya sheria vya Tanzania, Sura ya 18.

Hapa ndipo ninapotaka tusimame kidogo. Watu wengine watasema, "Kijana, maneno tu hayo, jini, pepo, shetani, yote yale yale." Hapana, si yale yale. Mwanamke aliyeitwa embandwa alikuwa na kazi na heshima. Mwanamke yule yule, ameketi mlango ule ule, anajua mizizi ile ile ya kumsaidia mzazi, akiitwa "mwenye mashetani" anahurumiwa na kuombewa. Akiitwa mchawi anakatwa mapanga. Katika nchi yetu, hasa Usukumani, vikongwe wengi wameuawa kwa sababu macho yao ni mekundu, na macho ni mekundu kwa moshi wa kuni walizopikia watu hao hao. Kijijini kwetu nilimwona bibi mmoja akihama na godoro lake kichwani kwa sababu watoto wawili waliugua mfululizo. Hakuna aliyemgusa. Neno moja lilitosha.

Na jina la Nyabingi limezunguka mbali kuliko Muhumusa alivyowahi kuota. Desemba 1935, Italia ikiwa imeivamia Uhabeshi, gazeti la Jamaica Times lilichapa makala yenye propaganda ya kuiunga mkono Italia, ikidai kuna chama cha siri cha watu weusi duniani kiitwacho "Nya-Binghi", chini ya Haile Selassie. Makala ilikusudiwa kutisha wazungu. Maskini wa Jamaika waliisoma wakafurahi, wakalichukua jina. Leo Marasta wanaita mikesha yao ya ngoma na maombi Nyabinghi. Vijana wetu wanasikiliza ngoma hiyo kwenye basi la kwenda Kayanga, wanatikisa vichwa, hawajui kwamba anayeitwa ni bibi wa hapo ng'ambo ya mto. Ila huko nako mambo yalikuwa yale yale: jina la mwanamke likawa jina la kundi ambalo wazee wake wakuu ni wanaume.

Basi nikijumlisha, naona safari mbili zinazopishana. Jinniya alitoka Arabuni akiwa na mkia wake wa kike na majina mengi; Kiswahili kikaukata mkia, na mwanamke akarudi kwa njia ya hofu tu, kwato na manukato. Nyabingi yeye alikuwa na jina, nchi na watu. Maneno ya kigeni yakamvua kimoja kimoja mpaka akabaki shetani asiye na jina. Wote wawili waliishia barabarani usiku, wakiomba lifti.

Sisemi watu wa Bugomora warudi kuabudu, kila mtu na imani yake. Ninachosema kinatuhusu sisi tunaoandika. Bado wapo kina bibi huku Kyerwa na Karagwe wanaoyajua majina kwa Kinyambo: nani alikuwa wa mvua, nani wa uzazi, nani wa mifugo, na nani alipandwa na yupi. Wanapungua kila mwaka. Tukiandika hadithi zetu na kujaza "jini" kila mahali kwa sababu neno liko karibu na kalamu, tutakuwa tumemalizia kazi ya ile sheria ya 1912. Kalamu na daftari havina gharama kubwa. Twende tukawaulize, na tuandike jina kama walivyolitamka.