Wanaume Hawalii? Nani Alisema?

Juzi matangani hapa Lumakanda nilishikwa na machozi. Mjomba akaninong'oneza: "Jikaze, kijana. Wanaume hawalii." Nikameza.

Lakini wasee, hiyo si sheria ya maumbile. Mwaka 1872 Charles Darwin, kwenye kitabu chake kuhusu hisia, aliandika kwamba wanaume Waingereza hulia kwa nadra sana, ilhali kwingine Ulaya wanaume hutoa machozi bila shida. Macho ni yale yale. Mafunzo ndiyo tofauti.

Na sisi Kakamega? Tuna isukuti ya Waisukha na Waidakho, iliyoingia orodha ya UNESCO 2014. Inapigwa harusini, inapigwa matangani, na wapigaji ni wanaume. Huzuni inatoka nje, kijiji kizima kinasikia.

Sasa kama ngoma inaruhusiwa kulia, mbona mimi nikatazwe?