Nani Achague Nyimbo za Arusi?

Arusi zetu hazijawahi kukosa muziki, lakini swali la nani auchague muziki huo limepata majibu mbalimbali katika kila zama. Mimi niliyefundisha historia kwa miaka mingi kabla ya kukabidhiwa chuo cha ualimu, naliona swali hili kuwa mlango mzuri wa kuingilia katika maisha ya jamii. Watu hukubali serikali mpya kwa siku moja, lakini mambo ya arusi huyabadilisha polepole na kwa ubishi mwingi.

Hapo kale aliyechagua alikuwa mpigaji mwenyewe. Mpiga ngoma aliwajua wenye arusi, aliwaona wazee walionuna na vijana waliochoka, akabadili mdundo papo hapo. Pwani, kuanzia mwishoni mwa karne ya 19, vikundi vya beni vya Lamu na Mombasa viliiga bendi za kijeshi za Wazungu, wakavishindanisha mtaa kwa mtaa. Unguja, taarab ilitukuzwa kwanza katika jumba la Sultani, na klabu ya Ikhwani Safaa ikaundwa mwaka 1905. Kisha akaja Siti binti Saad, mwanamke wa shamba, akauimba muziki huo kwa Kiswahili mbele ya watu wa kawaida, na mwaka 1928 akasafiri hadi Bombay kurekodi santuri.

Makanisani, wamisionari walileta kinanda. Ile tuni ambayo maharusi wengi hutoka nayo kanisani ilitungwa na Mendelssohn mwaka 1842 kwa ajili ya tamthilia ya Shakespeare. Ilipata umaarufu ilipopigwa katika arusi ya binti wa Malkia Victoria wa Uingereza mwaka 1858. Basi tuni ya jukwaa la maigizo ikageuka kuwa ya ibada.

Santuri ndiyo iliyoanza kumpokonya mpigaji mamlaka yake. Kuanzia mwaka 1933 santuri za Kikuba zenye herufi GV zilienea Afrika, na vijana wetu wakaipenda rumba kana kwamba imezaliwa kwao. Hapa Morogoro, Salum Abdallah aliunda bendi yake mwaka 1948, ikajulikana baadaye kwa jina la Cuban Marimba. Lakini upande mmoja wa santuri ulibeba kiasi cha dakika tatu tu, hivyo wimbo mrefu ulikatwa vipande viwili, na wachezaji walisimama katikati ya ukumbi wakingoja santuri igeuzwe. Mwenye gramafoni alikuwa mtu wa kuheshimiwa, ila alichagua kutoka katika kile alichokuwa nacho.

Ukombozi wa kweli uliletwa na kanda. Kampuni ya Philips ilitoa kaseti mwaka 1963, na kwetu ilifika kwa wingi katika miaka ya 1970. Tanzania haikuwa na kiwanda cha kutengeneza santuri. Bendi zilitegemea Nairobi, na mpaka na Kenya ulipofungwa mwaka 1977 njia hiyo nayo ikawa ngumu. Radio Tanzania ilirekodi bendi katika studio zake, nasi tukakaa kando ya redio, kidole kikiwa juu ya kitufe, tukiunasa wimbo unapopita. Kanda ya dakika 90 ilikuwa hazina ya nyumba. Tuliirudisha nyuma kwa kuizungusha kwa kalamu ili kuokoa betri. Kwa mara ya kwanza, mtu asiyejua kupiga hata manyanga aliweza kuamua wimbo gani ufuate upi.

Miaka michache iliyopita mjukuu wangu alipoposwa, kamati ilipiga hesabu ya bendi, ikapiga hesabu ya disko, ikanyamaza. Binti akaniambia, "Babu, pesa ya bendi itatulipia kodi ya nyumba miezi kadhaa. Tupange nyimbo wenyewe." Nikamjibu kwamba amesema neno la busara, nikaenda kuleta daftari.

Ukumbi tulipewa kwa saa nne, yaani dakika 240. Tuliondoa dakika 60 za maombi, utambulisho na hotuba, zikabaki 180. Wimbo wa kawaida ni dakika nne, kwa hiyo zilihitajika nyimbo 45. Lakini wimbo mmoja wa taarab hula dakika 12 bila haya, basi tukaandika 40, na nyingine 10 za akiba, maana chakula hakijawahi kuiva kwa saa iliyoandikwa kwenye kadi.

Kazi ngumu ilikuwa ya maneno. Nyimbo nyingi tamu za dansi ni za watu walioachwa, na si vema bibi arusi aingie ukumbini kwa kilio cha talaka. Taarab ina hatari zaidi. Mipasho iliyovuma miaka ya 1990, wakati Tanzania One Theatre na Muungano wakishindana, iliwafundisha akina mama kusikiliza kila beti kwa kuuliza, "Hili limelengwa kwa nani?" Mama mkwe akilidaka fumbo moja, ndoa itaanza na deni. Tulisikiliza kila wimbo tangu mwanzo hadi mwisho, tukaukata wowote uliokuwa na mwiba.

Upande wa bwana arusi ni Wagogo, nao walikuja na bibi yao mzee. Kwa ajili yao tuliweka nyimbo tatu za zeze na ilimba, mojawapo ya marehemu Hukwe Zawose, tukazipanga mapema kabla usingizi haujamchukua bibi.

Ubishi mkubwa ulikuwa juu ya wimbo mmoja. Mama wa binti huyu, mwanangu, tulimzika angali mtoto mdogo. Alikuwa akipenda wimbo wa Mbaraka Mwinshehe nilioutoa redioni, ambao mwishoni sauti ya mtangazaji inauingilia na kutangaza saa. Mjukuu wangu aliutaka huo wa kwenye kanda, wala si ule safi wa kwenye simu, kwa sababu mama yake aliuimba pamoja na maneno ya mtangazaji. Mama yake mkubwa alikataa katakata. "Siku ya furaha haialikwi machozi," alisema. Kila mmoja alikuwa na haki yake, nami nilikuwa baba wa marehemu na wa huyo anayekataa.

Niliamua uwekwe wakati wa chakula, sauti ikiwa chini, bila tangazo lolote. Asiyejua angekula wali wake, na anayejua angejua. Kijana mmoja tulimkalisha kando ya mashine jioni nzima, kwa kuwa orodha haina macho; haioni kwamba wazee wamekaa mno au kwamba keki haijafika.

Wimbo ule ulipoanza, mama mkubwa aliweka kijiko chini. Nilimtazama kwa wasiwasi. Ulipofika mwisho, mtangazaji alipotaja saa, yeye na bibi arusi, kila mmoja mezani kwake, waliitaja saa hiyo pamoja naye, kisha wakatazamana wakacheka. Wageni hawakuelewa kitu, na kijana wetu akaongeza sauti kwa wimbo uliofuata.

Wenye kupanga arusi sasa wana nyimbo nyingi ndani ya simu kuliko zilizokuwamo katika maktaba yoyote niliyoijua. Kwa hao nasema: wingi huo ni neema, lakini anzeni na orodha ya watu watakaokuja, ndipo muandike nyimbo.