Wageni wa Makueni

Hesabu za fedha zina kurasa zake katika kitabu hiki. Ukurasa huu ni wa watu waliohamia Makueni baada ya Vita Vikuu vya Pili, kwa kuwa wajukuu wao wengi hudhani nchi ile ilikuwa makao yao tangu kale.

Haikuwa hivyo. Ilikuwa weu, pori la malisho, asali na mawindo, nayo mbung'o ilitawala humo. Vifaru nao walikuwa wengi: tangu Agosti 1944 hata Oktoba 1946, mwindaji J. A. Hunter aliua 996 kwa amri ya serikali, ili watu wapate kukaa. Hesabu hiyo hunitia huzuni kila niisomapo.

Ardhi ya vilima vya Machakos ilikuwa imechakaa. Hata hivyo, watu walipoitwa walisita. Walikumbuka mwaka 1938, ng'ombe wao walipokamatwa kwa nguvu, na Muindi Mbingu akawaongoza maelfu kwenda Nairobi, naye akahamishiwa Lamu. Wengi walinong'ona kwamba pori lile lasafishwa kwa ajili ya Wazungu.

Waliothubutu kwenda walikuta upweke. Mtu wa Mbooni alipakana na mtu wa Kangundo asiyemjua. Hapakuwa na utui wa zamani, wala nzama ya wazee waliomfahamu babaye, wala ithembo la kuombea mvua. Mtoto akiugua usiku, aitwe nani?

Hapo ukoo ukafaa. Koo zetu hazikai mahali pamoja. Aombe, Atangwa na Anzauni wametawanyika Ukamba kote, Kitui hata Machakos. Mgeni akitaja ukoo wake, aweza kupata ndugu siku ile ile, na wajibu wa ndugu vilevile. Wakamba waliokimbilia Rabai kwa sababu ya njaa, ambao Krapf aliwakuta huko katika miaka ya 1840, walikuwa na dawa hiyo hiyo.

Kisha mwethya. Matuta yaliyochimbwa kwa amri ya serikali yalichukiwa. Yaliyochimbwa kwa mwethya, hasa na akina mama, yalileta ujirani. Mama aliyelima shamba la mwenzake leo hawezi kesho kumwita mgeni.

Mwaka 1992 Makueni ilitengwa na Machakos ikawa wilaya, na tangu 2013 ina serikali yake ya kaunti. Wenye kukumbuka majina ya waliofika kwanza wanaombwa kuyaleta kwa mwandishi kabla ya mkutano ujao.